Mwenye Sauti Yangu

Roma, Jumatatu, 4 Machi 1968
Leo nimekufa tena. Mara hii ni wakili mzee anayekata roho kitandani huku akimwomba binti yake msamaha. Ukurasa mzima wa maneno! Nimecheza jambazi, padri, mtumishi wa kufungua mlango, miaka nenda miaka rudi, na sijawahi kupewa ukurasa mzima. Sikuukariri. Wa nini? Kwetu kamera hainasi sauti. Unatikisa mdomo, halafu mtu mwingine anakuingizia sauti studioni. Basi nikahesabu, kama tufanyavyo wengi. Moja, mbili, tatu, kwa uchungu mkubwa. Nilipofika thelathini na saba mama wa vipodozi akatokwa na machozi.

Jioni Amedeo muuza nyama kanisifu: eti sauti yangu katika filamu iliyopita ilimliza. Kisha akauliza mbona leo nina mafua. Sina mafua! Hii ndiyo sauti yangu!

Alhamisi, 7 Machi
Huyo mwenye sauti yangu ni mtu gani hasa? Mrefu? Ana kitambi? Nimeshindwa kuvumilia. Nikaenda kujibanza kwenye baa iliyo mkabala na studio ya sauti. Kumbe ni kijitu kifupi chenye kipara, Ildebrando Cocchi. Akaagiza kahawa na andazi la krimu. Kwa sauti yangu! Nywele zikanisimama. Nilikuwa na maswali tele: anajuaje nitakapovuta pumzi? Akiwa na mkewe anatumia sauti hiyohiyo? Nikajificha nyuma ya gazeti.

Nimekata shauri. Wakili huyu atakufa kwa sauti yangu mwenyewe. Mama yuko Viterbo, ni mzee sana, na hajawahi kunisikia sinemani hata neno moja. Anisikie kabla hajafumba macho.

Mke wangu Iole kasema, "Gaspare, na sauti yako hiyo ya mlango usiotiwa mafuta?" Wivu tu.

Jumatatu, 18 Machi
Mpango! Sisi watu wa sanaa tunaogopa rangi ya zambarau kuliko ukoma. Nikampelekea Ildebrando skafu ya zambarau, zawadi ya shabiki asiyetaka kujulikana. Akaifungua mbele ya kipaza sauti. Akapiga yowe, tena yowe zuri mno, akashika chuma cha kwanza alichokiona kuondoa nuksi, akatimua mbio. Mafundi nao nje! Mwongozaji wetu, Sbaraglini, akabaki kang'ang'ania bomba la maji. Nikatokea, kwa bahati tu, nikajitolea. Kakubali: keshokutwa, padri akishainyunyizia studio maji ya baraka.

Nimempigia mama simu. Tayari majirani wote wanajua.

Jumatano, 20 Machi
Aibu! Mdomo wangu kwenye pazia la sinema unasema kumi na nane, mimi nasema nisamehe mwanangu. Mdomo umefumba, mimi bado naongea. Nikarudia. Nikarudia tena. Nikajiuliza: huyu mzee anasema nini? Fundi kacheka mpaka kakaa sakafuni. Sbaraglini akanipasha: "Ndugu yangu, hata mdomo wako mwenyewe huuelewi?"

Ildebrando akaitwa. Kaja na msumari mfukoni. Akautazama mdomo wangu mara moja, akasema yote, kila neno likatua mahali pake. Nililia, nakiri. Nikamuuliza anawezaje. Akajibu kwa upole kwamba ananijua: kwenye saba huwa nahema, na kumi na tisa huwa naisema kwa huzuni.

Jumapili, 2 Juni
Mama ameiona filamu. Kalia machozi sinema nzima. Anasema sauti ile angeitambua hata gizani, ni ileile niliyokuwa nayo utotoni. Roho iliniuma. Nikamshukuru.

Kesho naanza filamu mpya. Jaji! Kurasa mbili! Iole ananisihi safari hii niyakariri maneno. Ya nini? Kosa nimeshaligundua: tarakimu zilikuwa fupi mno. Nitaanzia mia moja.