Msuguano Sifuri

Ifikapo tarehe moja Machi, saa sita kamili mchana, msuguano utakuwa umekwisha kabisa katika Chuo Kikuu cha Kinyerezi Juu. Tangazo lilibandikwa getini kwa herufi nyekundu, MSUGUANO SIFURI, pamoja na picha ya Mkurugenzi wa Mshikamano na Utulivu Kazini, Bwana Gibson, amekunja mikono na kutabasamu. Picha ilikuwa kubwa kuliko maneno, na hilo lilifanywa kwa busara, kwa kuwa maneno watu huyasahau.

Hamisa alilisoma akiwa na mfuko wa breki za bajaji mkononi. Yeye ni fundi sanifu wa maabara ya fizikia, mwaka wa tisa sasa, na kazi yake ni kupima msuguano. Akacheka peke yake, akaingia kazini. Masikini, hakujua kwamba kampeni nzima ilianzia kwake.

Ilianzia kwenye ripoti yake ya robo mwaka. Mkuu wa maabara yuko masomoni ng'ambo, kwa hiyo Hamisa aliiandika mwenyewe, kwa Kiswahili fasaha kama miongozo inavyotaka: "Maabara imefanikiwa kuongeza msuguano kati ya Breki na Dramu kwa asilimia kumi na nane. Tunaomba uongozi utuunge mkono ili uongezeke zaidi." Msuguano aliousema ni ule wa breki kubana dramu la gurudumu mpaka gurudumu lisimame. Mtu yeyote aliyewahi kupanda bajaji siku ya mvua angemwelewa.

Bwana Gibson hapandi bajaji. Aliisoma ripoti akiwa na kikombe cha chai ya maziwa, na alipofika kwenye lile neno alikiweka kikombe mezani. Kwa miaka sita kurugenzi yake ilikuwa ikiutafuta msuguano chuoni bila kuupata, maana kila anapoingia ofisi ya watu, watu wananyamaza. Leo kuna idara inakiri kwa maandishi.

"Wenzao wanaficha, hawa wanauchorea grafu!" alimwambia Bi. Auleria, ofisa utumishi mwandamizi. "Halafu wanaomba kuungwa mkono!"

Siku hiyohiyo ikaundwa Kamati Ndogo ya Kutokomeza Msuguano, Mkurugenzi akiwa mwenyekiti na Bi. Auleria katibu. Jumatatu Hamisa akaitwa.

"Shikamooni."

"Marahaba. Kaa," alisema Mkurugenzi. "Twende kwenye ishu yenyewe. Huyu Ndugu Breki ni wa idara gani?"

"Ni breki ya bajaji, mkuu."

"Sijauliza anakuja na usafiri gani."

"Na Dramu?" Bi. Auleria aliuliza, kalamu tayari. "Mbona simwoni kwenye orodha ya watumishi?"

"Yuko kwenye mashine, mama."

"Na Breki?"

"Naye yuko kwenye mashine hiyohiyo. Nawabana pamoja."

Mkurugenzi alimtazama kwa huruma ya kiutawala. "Binti, unawabana watu wawili wasioelewana kwenye mashine moja, halafu unashangaa kunatokea msuguano?"

"Sishangai, mkuu. Mie ndio nautaka."

Bi. Auleria akaandika: anakiri.

"Basi dawa ni ndogo tu. Watenganishwe."

"Ukiwatenganisha, bajaji haisimami."

"Maendeleo hayasimami!" Mkurugenzi alijibu, na wajumbe wote wakapiga makofi.

Kikao kikaazimia kwamba Breki na Dramu wapewe barua za onyo, na maabara ifungwe kwa lakiri tarehe moja saa sita mchana. Barua zililetwa siku ya pili na mtu wa masjala, ambaye alidai saini za wapokeaji. Hamisa akazichukua, akapaka grisi ya breki kwenye kona ya moja na ya dramu kwenye kona ya nyingine. Mtu wa masjala akaondoka ameridhika.

Lakini mzaha uliishia mlangoni. Hamisa aliporudi mezani alikaa na kuona machozi yanamjia, akayaacha. Masika ya mwaka jana mama yake, Bi. Mauwa, alikuwa ndani ya bajaji iliyoshuka mteremko wa Kinyerezi bila breki kushika, ikaishia mtaroni. Nyonga ilivunjika, na mpaka leo mama anatembelea fimbo na kuswali amekaa kitini. Breki zile zilikuwa mpya, zimenunuliwa wiki hiyo. Ndiyo maana Hamisa alizunguka maduka ya vipuri kuanzia Gongo la Mboto mpaka Kunduchi, akakusanya aina thelathini na nne, akawa anazipima moja baada ya nyingine, kavu kwanza kisha zikiwa zimelowa. Kila aina humla siku nzima. Zilikuwa zimebaki kumi na tatu, na masika yako mlangoni. Lakiri ikipigwa, orodha haitakamilika, na mama wa mtu mwingine ataingia mtaroni.

Alikwenda kuomba siku kumi na tatu. Akaambiwa ombi la kuongezewa muda wa msuguano halina fomu.

Jumatano Kamati Ndogo ilikaa kupitisha waraka wa mwisho. Aya ya sita, aliyoitunga Mkurugenzi kwa mkono wake, ilisema: "Ofisi yoyote itakayobainika kuwa na msuguano itafungwa mara moja, hadi itakapopata cheti cha vipimo." Cheti aliongeza tu kwa sababu waraka usio na cheti hauna uzito. Ikapita bila kupingwa. Kilichobaki ni kichwa cha habari.

Bi. Auleria alipendekeza, kwa unyenyekevu, kwamba neno "kutokomeza" ni kali, iandikwe "kuondosha". Mkurugenzi akasema kuondosha ni kwa takataka. Bi. Auleria akasema ndiyo maana amelipendekeza. Saa tatu zikapita. Mkurugenzi akagonga meza, Bi. Auleria akagonga meza yake, mjumbe mmoja akatoka kwenda msalani na mkoba wake, hakurudi. Bi. Auleria ni mtu wa kanuni, hajawahi kughushi muhtasari hata siku moja, akaandika kilichotokea: "Msuguano mkali uliibuka kati ya Mwenyekiti na Katibu."

Muhtasari ukapanda kwa Makamu Mkuu wa Chuo. Huyu husoma mstari mmoja wa kila karatasi, na safari hii macho yake yaliangukia mstari wenyewe. Akaandika pembeni: "Aya ya sita itumike."

Alhamisi asubuhi ofisi ya Mkurugenzi na ya Bi. Auleria zilikutwa na lakiri. Miwani ya Mkurugenzi ilikuwa ndani. Chupa ya chai ilikuwa ndani. Na chuo kizima kina mashine moja tu inayopima msuguano.

Hamisa aliwakuta mlangoni pa maabara, kila mmoja anaangalia upande wake.

"Shikamooni."

"Marahaba, marahaba," alisema Mkurugenzi. "Tupime haraka, mwanangu. Nina vikao."

"Mashine ina foleni, mkuu. Kuna breki kumi na tatu mbele yenu."

"Mie nikae nyuma ya breki za bajaji?"

"Zimetangulia. Halafu kesho saa sita nafungiwa, kwa hiyo sidhani kama mtafikiwa."

Mkurugenzi alifikiri. Kisha akaomba karatasi, akaandika kwa mkono, bila miwani, kwa herufi kubwa zinazopanda kilima, kwamba lakiri ya maabara imesitishwa mpaka Hamisa atakaposema kazi imekwisha. Bi. Auleria akasaini kama shahidi. Lilikuwa jambo la kwanza walilokubaliana wiki hiyo.

Kwa siku kumi na tatu viongozi hao walikaa kwenye benchi moja la maabara, wanasikiliza breki zikilia. Ya kumi na tatu iliposhuka mashinani, orodha ilikamilika: breki saba zikilowa hazifai. Hamisa aliichapa kwa maandishi makubwa, akaipeleka mwenyewe kwenye vijiwe vya bajaji. Madereva walisoma, wakatukana wauza vipuri, wakaanza kufungua magurudumu palepale. Mvua ya kwanza ilinyesha kesho yake. Alimpigia mama yake simu, akamsomea zile saba moja moja.

Akarudi. "Zamu yenu."

"Sasa ukitupima," Mkurugenzi alinong'ona, "itatoka ngapi?"

"Mkiwa wakavu itakuwa kubwa sana. Mkilowa itapungua."

"Una hakika?"

"Ndio utafiti wenyewe, mkuu. Umo kwenye ripoti mliyoisoma."

Mkurugenzi akavua koti, akalikunja vizuri juu ya benchi. "Basi tuloweshe."

"Aanze mwenyekiti," alisema Bi. Auleria. "Mie nachukua kumbukumbu."

"Maji kiasi gani?"

"Breki naziwekeaga nusu lita. Uongozi sijawahi kuupima."

"Weka ndoo," alisema Bi. Auleria.

Hamisa akaweka ndoo. Mkurugenzi alisimama wima katikati ya maabara, maji yakimtiririka kwenye tai, na Bi. Auleria akacheka mpaka akashika mashine asianguke. Ugomvi wake wote ukamwisha hapohapo. Hamisa akavuta fomu ileile anayojazia breki, akaandika, akagonga muhuri.

Mkurugenzi aliisogeza karatasi puani. "Kielelezo: Mkurugenzi. Msuguano: hakuna." Uso ukamng'aa. "Na hapa chini, 'Kikilowa hakishiki, kisitumike', ndio nini?"

"Lugha ya kitaalamu, mkuu."

"Safi sana."

Cheti hicho kilifungua ofisi zote mbili, naye akakitia kwenye fremu ya kioo. Kimetundikwa nje ya mlango wake, chini ya jina na cheo, na siku hizi hata wasio na shida na ofisi ile hupitia upande huo, wanasimama, wanakisoma, kisha wanaendelea na safari zao.