Watu Waliosimama Alcazar

Jumanne, 1 Machi 1994. Morecambe.
Sura ya tisa ya kitabu changu imekamilika! Nimeisoma mara tatu na kujipigia makofi. Nani kama mimi katika historia ya sinema ya Uingereza? Filamu ninayoisifu humo ilipotea, hakuna nakala popote. Lakini ninayo picha: ukumbi wa sinema wa Alcazar, mwaka 1936, filamu imekwisha, watu mia nne wamesimama wima, kofia mkononi. Nimeandika: "Hapa ndipo Mwingereza alipojifunza kuguswa moyo hadharani." Nikaisoma kwa sauti. Paka akatoka nje.

Alhamisi, 3 Machi.
Jumamosi Chama cha Filamu kinachagua wa kuandika kitabu cha miaka mia ya sinema mjini kwetu. Ni mimi au Mervyn Ogden. Ogden! Mtu aliyeandika kurasa mia mbili kuhusu viti vya sinema. Tumekutana maktaba, akaniuliza kama filamu ninayoisifu nimeiona. Nikamjibu kwamba kusifu filamu uliyoiona hakuhitaji elimu.

Ijumaa, 4 Machi.
Mpango! Nimempata Bi Elsie Threlfall, miaka sabini na tisa, aliyekuwa akiwaongoza watu kwenye viti pale Alcazar kwa tochi. Atakuwa shahidi wangu. Sikumuuliza chochote, nisije nikamchanganya. Nimemwahidi keki.

Jumamosi, 5 Machi.
Aibu tupu. Niliwaonyesha wanachama picha ukutani, nikasema kwamba watu hawa uchungu wa hadithi uliwainua vitini. Nikajua nimewapata! Nikamgeukia Bi Elsie athibitishe.

"Uchungu gani, mwanangu? Huo wimbo wa taifa! Kila filamu ikiisha ulikuwa unapigwa, tunasimama. Kwani wewe hujawahi kwenda sinema?"

Ukumbi mzima ukaangua kicheko. Ogden chai ilimpalia. Ni kweli sijawahi kwenda na watu. Mimi hutazama peke yangu kwenye hifadhi ya filamu, kama msomi. Kura: Ogden kumi na tisa, mimi moja. Hiyo moja niliipiga mwenyewe. Niliumia sana.

Bi Elsie akanihurumia. Akanifungia kipande cha keki yangu, akanipa na picha nyingine ya zamani kutoka kwenye mkoba wake. Akaanza kunieleza kwamba wengine waliuchoka huo wimbo, wakitaka kuwahi basi la mwisho. Nikamkatiza kwa adabu. Kwa siku moja alikuwa amenisaidia vya kutosha.

Jumapili, 6 Machi.
Asubuhi nzima naitazama picha ya Bi Elsie. Alcazar tena, mwaka 1938. Filamu imekwisha. Watu wanakimbilia mlangoni, wanasukumana, mama mmoja kiatu kimemtoka mguuni! Hata kipofu angeona: wamejawa na hofu. Nimegundua filamu iliyotisha kuliko zote katika historia ya Uingereza! Ogden na viti vyake atajificha wapi?

Sura ya kumi nimeshaianza. Nimempigia simu Bi Elsie aje kuwa shahidi. Amecheka sana, kwa furaha nadhani, akauliza kama keki itakuwepo.