Mabata Arobaini na Mmoja Hawatoshi

Jumatatu, 4 Septemba

Binti yangu amepata kazi. Kabla sijaandika habari za mvua wala za magoti, hilo kwanza. Kitinda mimba wangu, yule ambaye mwalimu wa darasa la tatu alisema anaangalia mno dirishani, leo ni Ofisa Msaidizi wa Kudhibiti Ndege Wasumbufu. Imeandikwa, ina muhuri. Nimesoma barua mara tatu, mara ya tatu kwa sauti. Sasa iko kwenye kabati la vioo, imeegemea birika la wageni. Hakuna atakayekunywa chai humu ndani bila kuiona. Mume wangu nimeanza kumwita Baba Ofisa. Bado hajagundua.

Kazi yenyewe ni kuwaondoa mabata bukini kwenye bustani za watu wanaoishi kando ya maji. Na mtaa wa kwanza kupewa ni huu wetu, hapa bwawani. Wametuonea huruma. Kila alfajiri mabata wanapanda kutoka majini wakipiga kelele kama kikao cha mawifi. Wanatafuna nyasi, wanaacha kinyesi mpaka kizingitini. Mwezi uliopita Baba Ofisa alikanyaga, akateleza, akaokoa redio, akaumia kiuno.

Nikapeleka habari kwa jirani. Tunamwita Mama Mapazia, kwa kuwa anashona mapazia na kwa kuwa anaishi nyuma ya hayo hayo. Akaniuliza, kwa hiyo mtoto amesoma miaka yote ile aje kuswaga mabata? Wa kwake yuko uwanja wa ndege. Nikamwambia hongera, nasikia anabeba mabegi ya watu vizuri sana. Tukaagana kwa heshima.

Jioni Ofisa akapiga simu. Kumbe yuko kwenye majaribio. Kesho atawahesabu mabata, Jumamosi atawahesabu tena mbele ya meneja wake. Wakipungua, anaendelea. Wasipopungua, yupo mwingine anayesubiri nafasi. Akaniomba kitu kimoja: Mama, tafadhali, usinisaidie. Nikamwahidi. Sijui kwa nini alirudia mara mbili.

Jumanne, 5 Septemba

Amekuja. Buti hadi magotini, koti lenye maandishi mgongoni, filimbi shingoni, daftari mkononi. Nimemzaa mimi, lakini nusura nimwamkie.

Akahesabu kwa kidole, midomo ikicheza. Arobaini na mmoja. Kisha akafunga kamba kando ya maji yote, yenye vipande vya karatasi vinavyometameta. Akawaeleza watu wa mtaa: asiwalishe mtu, hata punje moja. Na majani ya ukingoni yaachwe yarefuke, maana bata bukini hapiti mahali asipoona nani kajificha. Akachomeka kibao, USIKATE. Nilisikia nusu. Ile nusu nyingine nilikuwa naangalia kama pazia la jirani linatikisika. Halikutikisika.

Kumbe Mama Mapazia aliona yote. Nimemkuta dukani, akanishika bega kama mtu anayetoa pole. Arobaini na mmoja tu? Hiyo ni kazi ya ufagio, shoga yangu, siyo ya ofisa.

Nimerudi nyumbani. Kinachouma ni kwamba kasema kweli. Nani humsifu daktari kwa kuponya mafua? Arobaini na mmoja wakibaki ishirini, nani atageuza shingo? Lakini wawe wengi, wafunike nyasi zote, halafu mwanangu apulize filimbi yake mara moja mbele ya meneja na mtaa mzima, waruke wote kwa pamoja. Hapo ndipo watu watajua nani kazaa.

Nina debe la mahindi yaliyotobolewa na wadudu. Kuyatupa ni dhambi.

Jumatano, 6 Septemba

Nimeamka kabla ya jogoo wa mtu. Beseni la bluu, mahindi, kandambili zangu nyekundu. Punje kidogo tu, za kuonja, nikazirusha ng'ambo ya kamba. Wakaja. Bata bukini hali kama kuku, anakula kama mtu aliyealikwa. Nilipomaliza, walikuwa hamsini na nane. Wengine sijawahi kuwaona, nadhani wametoka ng'ambo ya pili.

Baba Ofisa akatokea mlangoni na redio yake, akauliza nafanya nini. Nikasema natoa sadaka. Akasema sadaka hupewa wenye shida, hao wamenona kuliko sisi. Akarudi ndani.

Magoti yanauma. Kuinama na beseni kwa umri huu si mchezo. Uzazi hauishi siku ile ya kujifungua, hakuna anayekwambia.

Alhamisi, 7 Septemba

Sabini na tisa.

Ile kamba ya Ofisa ina shida. Mabata wanaiogopa, wanasimama ng'ambo wananiangalia kwa huzuni, chakula kiko huku. Nimeifungua. Nimeifunga tena nyuma ya nyumba, sasa nimeanika mashuka. Kamba nzuri, ya serikali, haitepeti.

Jambo la pili, yale majani ya ukingoni. Yalishafika magotini hata kabla ya kibao. Meneja aje akute kichaka, aseme mama mzazi wa Ofisa ni mchafu? Nimemwita mkata nyasi. Akasoma kibao, akasita, akaniuliza mbona imeandikwa usikate. Nikamwambia mimi ndiye mama wa aliyeandika. Akakata. Sasa ukingo umekuwa kama zulia, unaona maji mpaka katikati ya bwawa. Mabata nao wamependa, wameingia kwa safu nne.

Baba Ofisa amesema sikio la kufa halisikii dawa. Nimemuuliza anamsema nani. Akasema redio ndiyo imesema.

Ijumaa, 8 Septemba

Tisini na tano, kama sikuhesabu mmoja mara mbili. Sasa hawasubiri beseni. Wakisikia kandambili zangu tu, hao. Nikienda chooni wananisindikiza. Mmoja, mwenye shingo ndefu kuliko adabu, alimng'ata Baba Ofisa suruali, ile ya kesho.

Saa nne kamili Mama Mapazia amekuja amebeba mapazia mikononi, kama mtu aliyebeba mgonjwa. Alikuwa ameyaanika. Mapazia ya mteja, meupe. Yalikuwa meupe. Akaniuliza ofisa wenu yuko wapi. Nikamwambia kesho, saa tatu, na aje na kiti chake. Akasema atakuja na mtaa mzima. Nilifurahi.

Jioni Ofisa kapiga. Sauti ndogo. Anasema ofisini wanamwita Mama Bata kwa utani, naye anacheka nao, lakini hii kazi anaitaka, Mama, hajawahi kutaka kitu hivi. Akauliza majani ya ukingoni yanaendeleaje. Nikasema mazuri, kama zulia. Akauliza, kama zulia vipi? Nikasema mtandao unakatika.

Nimechoka. Nimekaa kitandani na kandambili miguuni. Nje wanalia. Nimejiambia filimbi ipo.

Jumamosi, 9 Septemba

Nitaandika polepole.

Walikuja wote. Meneja ni bwana mwembamba mwenye mwavuli, hasemi sana. Mama Mapazia na kiti chake, mstari wa mbele. Ofisa na koti lake. Nikajificha nyuma ya mkata nyasi, ana mabega mapana.

Ofisa akaanza kuhesabu. Alipopita arobaini na mmoja, midomo ikaacha kucheza. Alipofika themanini, akashusha kidole, akapandisha tena. Mia moja na kumi na wawili. Alisema namba hiyo kwa sauti ya siku ile alipovunja mtungi akiwa na miaka sita, akaja kuniambia mwenyewe. Meneja akaandika. Nikangoja filimbi. Hakuipuliza. Nikamnong'oneza mkata nyasi, mbona hapulizi? Akasema ile ni ya kuwaitia wenzake akitumbukia majini.

Nikataka kwenda zangu ndani. Nikapiga hatua mbili tu. Kandambili zikalia.

Mabata wote wakainua shingo. Wakapanda kutoka majini, mia moja na kumi na wawili, wakampita Ofisa, wakampita meneja na mwavuli wake, wakazunguka kiti cha Mama Mapazia pande zote mbili, wakaja kusimama mbele yangu. Baba Ofisa akazima redio. Sijawahi kuona akiizima mwenyewe.

Meneja akaniuliza, mama, hawa wanakufahamu? Nikasema ndege wanafahamu watu wengi. Ofisa akaangalia ukingo ulionyolewa. Akaangalia mashuka kwenye kamba yake. Akaangalia beseni la bluu. Hakupaza sauti. Alisema, Mama, nilikuomba kitu kimoja.

Afadhali angenipiga kofi.

Mama Mapazia akaanza kucheka, halafu akaacha. Nadhani alikumbuka naye ana mtoto.

Nikatoka mbele. Nikamwambia meneja aandike jina langu, si la mwanangu. Kamba niliihamisha mimi. Majani nilikatisha mimi. Mahindi ni debe zima, na nusu ya gunia nililonunua. Mtoto alinikataza mbele ya watu hawa wote, na watu wakatikisa vichwa kwamba ni kweli. Nikasema alikuja kwetu akakuta arobaini na mmoja, jirani akasema ni wachache. Nilitaka wawe wengi, kazi yake ionekane kubwa. Sikulia, nilikohoa.

Meneja akafunga mwavuli. Akasema miaka kumi na minne anazunguka kwenye mabwawa ya watu, kila mtaa kuna anayewalisha, na hajawahi kumpata hata mmoja akikiri. Akasema ofisa aliyetaja sababu, chakula na majani, siku ya kwanza tu, na mtaa ukamthibitishia sababu hiyo kwa mabata mia, huyo anajua kazi. Ila namba ni namba. Anampa wiki moja zaidi.

Ofisa akaokota beseni. Akavua buti zake, akaniomba kandambili, akazivaa. Akatembea kando ya maji, akipitia nyumba zote, hadi kwenye matete ya mwisho kabisa ambako haishi mtu. Mabata mia moja na kumi na wawili nyuma yake, kwa mstari, kama watoto wa shule. Mtaa ukasimama. Mama Mapazia alipanda juu ya kiti ili aone. Nikamwambia angalia usianguke, shoga yangu, hiyo ni kazi ya ofisa.

Beseni limechukuliwa. Kandambili zimechukuliwa. Nimetia sahihi karatasi kwamba sitawapa mahindi. Ofisa alinikumbatia wakati wa kuondoka, kwa mkono mmoja, lakini kwa muda mrefu.

Jumapili, 10 Septemba

Asubuhi tulivu. Nimehesabu sita tu. Nyasi safi, Baba Ofisa ametembea mpaka majini na kurudi mzima. Kamba imerudi mahali pake, mashuka nimeyakunja yakiwa bado na unyevu. Nimelala mchana kama mtu aliyetoka hospitali. Sitaingilia tena kazi ya mtu. Nimeapa, na Baba Ofisa ni shahidi.

Jioni Ofisa kapiga, sauti imerudi ukubwa wake. Meneja anakuja tena wiki hii na wakubwa wake wawili, pamoja na maofisa wa mabwawa mengine. Mwanangu atasimama mbele yao aeleze alivyofanya, na akimaliza wanamthibitisha kazini. Kueleza mbele ya watu. Yule wa kuangalia dirishani.

Nimeshatuma habari. Dada zangu wote wawili, fundi wa redio, yule mwalimu wa darasa la tatu nimempata kupitia kwa shemeji yake. Hata Mama Mapazia, naye atamleta mwanawe akipata ruhusa. Birika la wageni nimelisugua.

Kisha nikatoka nikaangalia bwawa. Sita. Wakubwa watoke mbali hivyo, wachafue na viatu, waje waone sita? Mwanangu aeleze nini mbele ya sita, hata nyumba ya mtu huwa na kuku zaidi.

Nimesoma tena ile karatasi niliyotia sahihi. Imeandikwa mahindi. Mkate haujatajwa popote, na maganda ya mkate si chakula hasa, ni kuwajulia hali tu. Wawe kumi na watano, ishirini hivi, ili kuwe na kitu cha kuonyesha. Ndoo ninayo. Viatu nitavaa vya Baba Ofisa, hivyo havina sauti.

Waje wote, na viti vyao. Jumamosi, tarehe kumi na sita.