Mama Mkwe Kaja, Bafu ni Moja

Jamani, leo sina uso. Nawaandikia nikiwa nimejifungia chumbani na sitoki.

Mama mkwe alifika jana hapa Kerende kutoka Nyambureti. Amekuja kumchukua mke wangu Bhoke akajifungulie kijijini, maana amesikia huku mjini watu hawana adabu. Mimi nataka mtoto azaliwe hapa, nikiwepo. Kwa hiyo nikajipanga kuonyesha adabu. Kwetu Wakurya mama mkwe humkaribii. Ukimwona njiani, unapita porini.

Sasa hapa pori liko wapi? Juzi juzi tu hili lilikuwa shamba la mihogo. Leo ni vyumba vinane, uwanja mmoja, na bafu moja lisilo na paa. Usiku nililala kwa rafiki yangu wa bodaboda (kitanda chake kinanuka petroli, lakini adabu ni adabu).

Asubuhi nikaambiwa mama ameenda sokoni na Bhoke. Nikawahi kuja kuoga. Nimeshajipaka sabuni mwili mzima, namsikia jirani yetu Zuhura, nesi aliyehamishiwa hapa kutoka Lindi.

"Shikamoo mama. Mbona umerudi peke yako? Kaa hapa, kuna kivuli."

Hapa, yaani mlangoni mwa bafu.

Nikatulia. Zuhura, Mungu amsamehe, akaongeza, "Mkweo yumo humu anaoga. Akitoka mtasalimiana."

Nikasubiri mpaka sabuni ikanikaukia, sikusikia hatua za mtu kuondoka. Nikajua bado amekaa pale pale. Basi nikaamua kuokoa heshima kwa kuruka ukuta wa nyuma.

Taulo likanasa kwenye msumari. Mimi nikaendelea na safari.

Nikatua mbele ya mama mkwe. Kumbe aliposikia nimo ndani, alihamia nyuma ya bafu ili anipishe nitoke! Akajifunika uso kwa khanga. Mimi nikajifunika kwa kapu lake la mchicha.

Sasa hivi Bhoke kaja kugonga, anajibana asicheke. "Mama anasema nitajifungulia hapa hapa. Anasema mwanaume anayeruka ukuta uchi ili asikutane na mkwe wake, huyo ana adabu."

Nimeshinda, jamani. Ila na yeye anabaki mpaka mtoto azaliwe. Badala ya kucheka, mwenye chumba chenye bafu la ndani anitafute.