Uzinduzi wa Ukuta wa Alama Inayokula Majina

Excellences, Honorables, pamoja na wale wanaongojea kuwa Honorables. Viongozi wa dini zote, zilizofika na zilizotuma udhuru. Papa chef de quartier, mkuu wa mtaa wetu. Wamama wa soko. Vijana wa toleka na baiskeli zenu za kubeba abiria. Na wewe wa protocole uliyenipa kiti kifupi kuliko cha papa chef: mimi, Docteur Nicolas Bolila, Kamishna Mkuu wa Alama, Mazimwi na Usafi wa Njia, ninawasalimu mara tatu, kwa sababu mara moja ni ya watu wa kawaida. (Makofi. Katibu Léon ndiye anayeyaanzisha.)

Bon. Hapa Tshopo nani asiyeijua ile Alama iliyojichora yenyewe katikati ya njia ya mtoni, duara lenye meno kama ya samaki mbenga? Anayeikanyaga, anayeichora au anayeibeba mwilini ikionekana nje, jina lake linaliwa, hata mama yake mzazi hawezi kumwita tena. Wavuvi wanasema dawa ni kuifunika kwa mchanga wa mto, lori moja tu, na majina yote yatarudi. Lori moja! Serikali nzima ijishushe mpaka lori moja? (Sauti: "Ijishushe!" Polisi anamtafuta mwenye sauti.)

Ndiyo maana mimi, Nicolas, nilikataa suluhisho dogo. Tuliunda comité de pilotage ya kuongoza mradi, na sous-comité ya kuifuatilia comité, tukafanya séminaire, kisha tukasafiri kuzitembelea nchi zisizo na Alama yoyote ili tujifunze wanaishije, na leo ninatangaza kwamba hatari imepungua kwa asilimia mia moja na kumi na mbili, maana yake sasa Alama ndiyo inayotuogopa sisi. (Kicheko. Polisi anakikatiza.)

Ninamwona mama Rosine, muuza samaki, amekaa na mume wake wa toleka, aliyeikanyaga akimkimbiza mgonjwa hospitali. Mama huyu amekuja ofisini kwangu asubuhi baada ya asubuhi, akilia kwamba bwana anakaa mlangoni kama mgeni, chakula kikiiva hajui amwiteje, na akimwita "wewe" hageuki. Iliniuma sana, donc nikamwambia arudi wiki ijayo. (Mama Rosine: "Papa, mi naomba tu muchanga." Watu: "Mumuache aseme.")

Uvumilivu, mama. Na nyinyi wamama wa mapokezi, mbona mmevaa kitenge cha sherehe ndani-nje? Kitenge ambacho cellule yangu ya communication, kitengo cha matangazo, imekichapa kwa ubunifu mkubwa, uso wangu huku na Alama yenyewe huku, ili wafadhili waelewe mradi bila kuuliza maswali! Nitazameni mimi: shati, suruali, kofia, hata leso, vyote ni kitenge hicho, rangi zote nje. (Wamama wanatazamana. Walio karibu na jukwaa wanarudi nyuma kidogo.)

Alors, ukuta huu mzuri wa kuizingira Alama, mnaouona nyuma yangu (watu wanautafuta, mbuzi anapita) una milango ya kisasa, taa za jua na salon ya wageni wa heshima, na asiyeuona ana roho ya upinzani. Ninaukabidhi rasmi kwenu, mimi... mimi mwenyewe... mimi ambaye... (Anamgeukia katibu.) Léon, mimi ni nani?

(Léon anapekua karatasi za hotuba. "Excellence, ilikuwa hapa hapa kwenye ulimi.")

Tusitishane. Lile bango langu kubwa pale rond-point, kwenye mzunguko wa barabara, lina jina langu. Lisomeni. (Sauti: "Papa, imebaki picha tu.")

Léon, leta mchanga. Lile lori la mchanga nililolizindua mwaka jana, kabla ya comité, lilimwaga wapi?

("Kwenye hotuba, Excellence.")

Na ukuta huu?

("Kwenye hotuba hii hii.")

(Mama Rosine anasogeza kigoda kando ya bwana yake. "Kuya, papa. Ukae hapa karibu na wangu. Chakula iko.")

Ukuta, oyé! (Mbuzi peke yake anaitikia.) Mchanga, oyé! (Oyééé!) Wananchi wapendwa, asanteni sana kwa kuja kwa wingi kuupokea mradi ambao haukuwepo hata siku moja. Aliyekuwa akisema nanyi ni... ni... Mama, kile kigoda bado kiko?