Mwanamke Asiye na Kichwa

Jumatatu, 3 Machi
Jumamosi kundi letu la mtandaoni la wapenzi wa filamu zilizopotea linachagua msimamizi. Mpinzani wangu ni fundi simu wa ng'ambo ya barabara. Jana katuma kipande cha video cheusi tii, hakionyeshi hata unyasi. Eti watu wakamwita gwiji! Lazima nimtie adabu.

Jumanne, 4 Machi
Nimepata! Dada, ambaye nakaa kwake, ni mshonaji. Ana sanamu la kupimia nguo, halina kichwa. Nimelivika gauni, nikafunika kamera kwa soksi ndefu za dada ili picha iwe na ukungu. Sauti iliyonaswa humo nimeigeuza kinyumenyume. Mama wee! Mwenyewe nimesisimka. Nimeituma kundini, nikawaambia filamu hii nimeiokota ndani ya kamera kuukuu ya mtu asiyejulikana.

Jumatano, 5 Machi
Kundi linawaka moto. Mwalimu mmoja kasema sauti hiyo ni lugha ya kale iliyokufa. Mwingine kaapa bibi yake aliwahi kuiona filamu hiyo usichanani, akazimia. Nikajibu kwa unyenyekevu kwamba siri nyingine tuziache zilivyo. Fundi simu kaufyata!

Dada kauliza mbona nacheka peke yangu. Nikamwambia ni mambo ya usomi. Kanipa vifungo nivichambue.

Ijumaa, 7 Machi
Nimekwisha. Fundi kaigeuza sauti ikarudi sawa. Kundi zima limemsikia dada akifoka kwamba nalala mpaka saa hizi, choo hakijapigwa deki, na soksi zake nimezipeleka wapi. Aibu gani hii! Mwalimu wa lugha ya kale katoka kwenye kundi bila kuaga.

Kisha fundi kaja kumwonyesha dada mwenyewe video hiyo. Nikajificha stoo, nikijua leo natupiwa virago nje. Mara dada akaangua kicheko. Kumbe fundi anataka mkewe ashonewe gauni kama la sanamu!

Jumamosi, 8 Machi
Fundi kashinda. Hata kura yangu kapata, dada alinisimamia nikibonyeza. Wanakundi wamejaa kwetu, wanapimwa nguo na kupiga picha na sanamu. Mimi nashika futi, na deki ya choo ni yangu milele.

Nimetafakari sana nilipokosea. Kosa ni la dada, kusema maneno ya kueleweka. Fundi huwa anasinzia kibandani mchana, anakoroma kama jenereta. Kukoroma geuza ugeuzavyo, ni kulekule! Nimeshaitega simu dirishani kwake, inarekodi.