Komatsuna Iliyotoa Povu Mbele ya Shefu

Jamani, leo nimetafuta mahali pa kuweka uso wangu nikakosa. Hivi ninavyoandika nimejifungia jikoni. Nje wanacheka. Wacha niwaambie mimi mwenyewe kabla hamjasikia kwa Mama Tito, kwa sababu yeye lazima ataongeza chumvi. (Chumvi! Hata kulitaja hilo neno sasa naona haya.)

Wale mnaonifuata mnajua vile nimewasumbua na komatsuna. Kwa wageni: komatsuna ni mboga ya majani kutoka Japani. Ukiiona utafikiri sukuma wiki na spinachi walioana wakapata mtoto mrembo. Jani laini, bua lina maji, uchungu haina. Mbegu nilipewa na mama mmoja niliyekuwa nikimfanyia kazi, siku alipokuwa anahama. Nikapanda kidogo nyuma ya nyumba, hapa Kitengela, kwenye huu udongo wetu mweusi unaovua watu viatu wakati wa mvua. Ikamea! Ikamea haraka kushinda hata magugu. Nilipagawa kwa furaha.

Na mimi nikipenda kitu siwezi kukipenda peke yangu. Niliendea kikundi chetu cha kina mama, wale tunaolima pamoja kile kipande nyuma ya kanisa, nikawahubiria mpaka wakakubali tung'oe sukuma yote tupande komatsuna. Yote! Sukuma iliyokuwa inalisha watoto wetu. Mama Tito, ambaye ndiye mwenyekiti, alikubali shingo upande. Mboga ikajaa shamba zima, kijani kibichi, lakini mnunuzi hakuna. Sokoni watu wanaigusa, wanaisifu, halafu wanaenda kununua kabeji.

Ndipo nikampata Shefu Baraka. Ni mpishi wa hoteli mpya iliyofunguliwa upande wa barabara kuu, na alikuwa anatafuta mboga ambazo hoteli zingine hazina. Nilimtumia picha za komatsuna asubuhi, mchana na jioni. Nafikiri alikubali kuja ili nimwache apumzike. Akasema atapita leo aonje, na akipenda, atachukua mboga yetu kila wiki. Kila wiki!

Mama Tito aliposikia hivyo alisimama mbele ya wenzake wote akasema, "Mwikali, tumekuvumilia. Huyo shefu akikataa, hii nyasi yako inang'olewa siku hiyo hiyo. Tunarudisha sukuma."

Nikamwambia, "Mama Tito, atapenda. Wee ngoja tu."

Sasa basi. Jana mama mkwe wangu alikuja kututembelea kutoka Ewuaso Kedong. Mimi ni Mkamba niliyeolewa Umaasaini, na huyu mama ninamwita Yeyo kama watoto wake wote. Alikuja na zawadi zake za kawaida: maziwa kwenye kibuyu, na mfuko wa magadi yaliyosagwa laini. Magadi kwake ni mali. Kidogo anaweka kwa maharagwe yaive haraka, kidogo anachanganya na ugoro wake, na kidogo anapelekea ng'ombe. Nikayapokea kwa mikono miwili, na kwa sababu mimi ni mtu wa kupanga vitu, nikayamimina kwenye kopo tupu la majarini nikayaweka kwenye rafu.

Karibu na chumvi. Ambayo pia inakaa kwenye kopo la majarini. (Msinihukumu. Nyumba gani hapa Kenya haina chumvi kwenye kopo la majarini? Hata vifungo vyangu vinakaa kwenye kopo la majarini.)

Leo nikaamka alfajiri nikiwa na mpango. Nilikuwa nimesoma kila kitu. Wajapani wanaitia komatsuna kwenye supu, wanaikaanga kwa mafuta kidogo na tangawizi, wanaila mbichi kama kachumbari. Lakini kuna moja iliyonichukua moyo: wanasugua majani kwa chumvi, wanayakandamiza kwa jiwe zito mpaka yatoe maji, halafu wanayala hivyo hivyo bila moto. Nikasema hiyo ndiyo itakuwa sahani ya kwanza. Shefu ataonja hiyo, ataduwaa, kisha nitampikia supu na ya kukaanga papo hapo kwenye jiko la makaa.

Stima zilikuwa zimepotea. Nikanyoosha mkono kwenye rafu, nikachukua kopo, nikasugua majani. Nilisugua kwa upendo! Nikaongeza nyingine kidogo. Nikafunika na sahani, na juu ya sahani nikaweka lile jiwe la kuzuia mlango. (Nililiosha.)

Mtaniuliza, Mwikali, si ungeonja? Ningeonja, ndugu zangu. Lakini nilikuwa nimefunga. Tangu jana sijaweka kitu mdomoni, nikimwomba Mungu shefu aipende ile mboga. Ndiyo, nilifungia mboga. Na mtu aliyefunga haonji chakula.

Dalili zilikuwepo, sitadanganya. Nilipofunua sufuria, majani yalikuwa kijani cha ajabu, kijani cha rangi ya geti. Maji yake yalikuwa yanateleza kwenye vidole. Mtu mwenye akili angesimama hapo ajiulize. Mimi nilifurahi! Sikuwahi kuiona hiyo mboga ya jiwe kwa macho, kwa hivyo kila kitu cha kushangaza nilikichukua kuwa ndio Ujapani wenyewe. Nikajiambia, "Angalia vile imeng'aa. Aki Mungu ni mwema."

Tukakutana pale nyuma ya kanisa. Viti vya plastiki, meza yenye kitambaa cheupe cha harusi ya mtu, upepo wa Kitengela unataka kubeba kila kitu. Kina mama wote walikuja. Yeyo naye alikuja, akakaa mbele kabisa na shuka yake na kibuyu chake cha maziwa, ingawa tangu jana anasema mboga ni chakula cha mbuzi. Mama Tito alikuja na jembe. Nasema jembe! Kwenye kuonja chakula! Akaliegemeza kwenye kiti chake ambapo nitaliona vizuri.

Shefu Baraka akafika. Kijana mpole, shati limepigwa pasi, anasalimia kila mama kwa mkono. Alipofika kwa Yeyo akajaribu Kimaasai.

"Takwenya, Yeyo."

"Iko," Yeyo akaitikia salamu kwa Kimaasai, akamshika mkono akakataa kuuachilia. "Wewe kijana iko na heshima. Pole kwa majani."

Nikasimama. Nilikuwa nimejiandaa kama mtu anayegombea kiti. Nikawaeleza jina lilikotoka. Kwamba "na" kwa Kijapani ni mboga ya majani, na Komatsu inatokana na mahali penye mto, huko inakolimwa tangu zamani. Kwamba inasemekana mtawala fulani alipita huko akitoka kuwinda, akapewa supu, akaipenda, akauliza hii mboga inaitwaje. Kumbe haina jina! Basi akaipa jina la pale pale.

"Ni kama leo mtu mkubwa apite hapa, ale mboga yetu, aiite Kitengela!" nikasema. Kina mama wakapiga makofi. Mama Tito alipiga moja.

"Na sasa shefu," nikasema, "hii haijaguswa na moto. Ni chumvi na jiwe tu. Utasikia vile inalia kwa meno."

Nikaweka bakuli mbele yake. Akatoa simu kuipiga picha. Kina mama wakasogeza viti. Nikachukua ndimu nzima, nikaikata mara mbili, nikainua mkono juu ili kila mtu aone.

"Wajapani humalizia na kitu kichachu."

Nikakamua.

Ndugu zangu, ile mboga ilianza kuongea! Shhhhhhh! Povu likapanda. Povu jeupe, nene, likaja juu kama nguo zimelowekwa, likapita ukingo wa bakuli, likashuka kwenye kitambaa cha harusi na kuanza kutembea kuelekea kwa shefu. Shefu akarudisha kiti nyuma. Mama mmoja akapaza sauti, "Shindwa kwa jina la Yesu!" Mwingine tayari alikuwa amesimama amebeba pochi yake.

Na hapa ndipo nilipojimaliza. Ningenyamaza ningekuwa na sehemu kidogo ya heshima leo. Lakini nilimwona Mama Tito akipeleka mkono kwenye jembe, na mdomo wangu ukafunguka wenyewe.

"Ni kawaida!" nikasema. "Kaeni chini! Hivyo ndivyo inafanyanga! Hiyo povu inaonyesha mboga ni freshi. Huko Japani isipotoa povu wanairudisha!"

(Inafanyanga. Mimi ambaye ndio mara yangu ya kwanza kuiona.)

Shefu akaniangalia. Akaangalia bakuli. Ni kijana aliyelelewa vizuri, na hilo ndilo kosa lake. Akachukua uma, akapuliza povu kando kama mtu anayepuliza chai, akatia mboga mdomoni. Akatafuna mara moja. Akaacha kutafuna. Macho yakajaa machozi. Mashavu yakavimba, na pembeni mwa mdomo nikaona povu lingine dogo linachungulia.

"Inalia?" nikamwuliza.

Alikuwa anatafuta pa kutemea bila kuwakosea wazazi heshima.

Mama Tito akaleta uma wa pili. "Na wewe kula."

"Nimefunga, Mama Tito."

"Fungua."

Nikala. Jamani, mmewahi kulamba kipande cha sabuni kilichokaa juani? Ulimi ulikauka, koo likafunga, halafu tumbo tupu likapokea ile kitu na ndimu yake, likajibu palepale kwa gesi. Nikateuka. Nikateuka kwa sauti ambayo nyuma ya lile kanisa haijawahi kusikika. Mbele ya shefu, mbele ya mama mkwe, mbele ya kikundi kizima, na upepo ulikuwa umetulia dakika hiyo.

Yeyo akainuka pole pole. Akachovya kidole kwenye bakuli, akalamba. Akalamba tena. Uso ukamng'aa.

"Mwikali," akasema, "hii si ni magadi yangu?"

Akanusa kidole chake.

"Ni magadi yangu ya ugoro! Umelisha mgeni magadi! Imebaki ugoro tu!"

Alicheka mpaka shuka ikaanguka. Kina mama walicheka wakishikana. Yule wa kukemea pepo alikuwa ameketi chini kwenye nyasi, hawezi kusimama. Mimi nilitamani ardhi ipasuke, lakini huu udongo wetu hupasuka kiangazi tu, na juzi imenyesha.

Yeyo ndiye aliyemwokoa shefu. Alimpa kibuyu cha maziwa, akamwambia kunywa, kunywa yote. Akanywa. Akakohoa. Akamshukuru, "Ashe, Yeyo," kwa sauti nyembamba. Nilijua imeisha. Mama Tito alikuwa ameshalibeba jembe begani na anatembea kuelekea kwenye mistari ya kwanza ya mboga, na mimi nikamkimbilia nikamshika nguo. Nililia, sitaficha. Nikamwambia anipige mimi aache komatsuna, mboga haijafanya chochote.

"Mama, ngoja kwanza," shefu akaita.

Alikuja mpaka shambani. Akainama mbele ya jembe la Mama Tito, akachuma jani moja, akaliosha kwa maji ya dumu, akalitafuna. Tulikuwa tunasikia vile linavunjika kwa meno yake. Akachuma lingine. Kisha akachuma mkono mzima, akaenda kwenye jiko langu la makaa bila kuniomba ruhusa, akaweka sufuria, mafuta, tangawizi. Akalipeleka puani kopo la chumvi nililokuja nalo. Akaonja kwa ncha ya ulimi. Akaona haitoshi, akalipeleka kwa Yeyo.

"Hii je?"

"Hapana yangu," Yeyo akasema. "Hiyo ni ya jirani yake, ni chumvi."

Akakaanga kidogo tu, majani yakalegea mabua yakabaki magumu, akagawa. Niwaambie nini? Ile ndiyo mboga niliyokuwa ninawahubiria! Tamu, nyepesi, ikiteremka unaifuata na macho. Sufuria ikafutwa kwa mkate. Yeyo, wa chakula cha mbuzi, aliomba mara ya pili. Mama Tito alikula akiwa amesimama, mkono mmoja kwenye jembe, na alipomaliza akaliweka chini. Nilitaka kuruka!

"Nitachukua," shefu akasema. "Kila wiki. Lakini niko na sharti moja."

"Sema, mwanangu," Mama Tito akasema.

"Iletwe mbichi. Na kabla ifike kwangu," akanitazama, yule kijana mwenye heshima, akashusha macho, "huyu mama asiikaribie na kopo lolote."

Mama Tito akaitisha kura hapo hapo: Mwikali aondolewe kwa mambo yote ya chakula cha kikundi, kuanzia leo. Mikono ikapanda yote. Yeyo si mwanachama, na hata yeye aliinua miwili.

Kwa hivyo msicheke, tafadhali, mimi bado nina koo la sabuni. Furahini pamoja nami tu. Shamba limepona, komatsuna imebaki mahali pake, na aliyeng'olewa leo ni mimi.